Miaka Yangu Nikiwa Sauti ya Sufuria

Nyinyi vijei mnaobaki na maiki, daktari amenikataza kupiga kelele, na mke wangu alipoisikia habari hiyo alimshukuru daktari mpaka nikaona haya. Koo langu limechakaa. Siku nyingine sauti inatoka imekwaruza, siku nyingine haitoki kabisa, nabaki naonyesha kwa mkono kwamba nataka chumvi. Kwa hiyo nimeamua kuandika, maana kalamu haihitaji tangawizi. Nililipwa nini na nilipandishwa nini sitawaambia, kwa sababu katika kazi yetu sijaona kitu kinachopandishwa isipokuwa sauti. Nitawaambia habari za mtu mmoja, mcheza sinema wa Urusi ya zamani, ile ya Wasovieti, ambaye sikuwahi kukutana naye na jina lake silijui mpaka leo. Hapa Kampala mimi ndiye niliyekuwa mdomo wake. Tulimwita Sufuria.

Kama karatasi hizi zimeokotwa na mtu ambaye hajawahi kuingia kibanda cha video, namweleza upesi. Kibanda ni chumba chenye mabenchi, televisheni, deki ya kuchezea kanda, na spika kubwa kuliko chumba chenyewe. Watu wanakuja kutazama sinema ya kigeni ambayo hawaelewi hata neno. Sauti ya sinema inapunguzwa, vijei anakaa pembeni na maiki, na yeye ndiye anayesema kila kitu: mwanamume, mwanamke, mtoto, mbwa, na simu ikilia. Vijei karibu wote wa mji huu walitafsiri kwa Luganda. Mimi nilitafsiri kwa Kiswahili, kwa kuwa nilizaliwa Nakuru kwenye nyumba za reli, na Luganda yangu inachekesha watoto hadi leo. Lakini Naguru, chini ya nyumba za polisi, Kiswahili ndicho kilichokuwa cha kuamkiana, cha kuombea chumvi na cha kugombania. Hapo ndipo Ssalongo alipokuwa na kibanda chake. Jina lake halisi silitumii, na yeye halitumii. Ni baba wa mapacha, na baba wa mapacha ni Ssalongo, basi.

Siku ya kwanza nilikwenda pale kama mtazamaji. Vijei wa siku hiyo hakutokea, na mimi nilikuwa kwenye benchi la nyuma nikiwaeleza jirani zangu kila kinachotendeka, bila kuombwa. Ssalongo akanijia, akanishika mkono kama askari aliyempata mwizi, akaniketisha mbele ya maiki. Sikujua kwamba maiki imeshawashwa, nikajiambia kwa sauti ndogo, "Taratibu. Taratibu. Usitapike." Spika ikaipeleka sauti hiyo mpaka barabarani. Watu wakacheka hadi sinema ikafika katikati, na tangu siku hiyo naitwa Vijei Taratibu. Nilitaka kuitwa Vijei Radi, lakini hakuna aliyeniuliza.

Mwalimu wangu alikuwa Afande Tanki, askari mstaafu ambaye ujanani alipelekwa Urusi kujifunza ufundi wa vifaru. Baada ya jeshi alilinda geti la mhandisi mmoja Mrusi, na mhandisi yule alipoondoka Kampala alimwachia koti zito la baridi na kasha la kanda za video. Koti Afande alilivaa siku za mvua, akatoka jasho kwa heshima. Kasha alilileta kwetu. Kanda zile zilirekodiwa kwa mtindo wa kwao ambao deki yetu haikuuelewa vizuri, kwa hiyo picha zilitoka bila rangi hata kidogo. Ssalongo hakutaka kuzionyesha. Watu wanataka ngumi, alisema, na hapa watu wanatazama miti. Lakini wiki ile hatukuwa na kingine, tukaweka.

Kweli, miti ilikuwa mingi. Kulikuwa na kijana mrefu mwenye nywele za kuanguka usoni, ambaye ndiye aliyekuwa mkubwa wa sinema ile, na kazi yake ilikuwa kusimama kwenye msitu na kufikiri. Nilimpa jina la Bwana Miti. Watu walianza kutoka nje kununua chapati na mayai. Ndipo likatokea jiko la kambi ya jeshi, na mtu mfupi mwenye kitambi, nyusi nene na sikio moja lililojikunja. Alikuwa na sufuria ambayo ungeweza kumwogeshea ng'ombe. Akafunua kifuniko, akachungulia, akajikuna kisogo, akawageukia askari waliopanga foleni, akasema kitu. Afande aliyekuwa ameketi karibu nami akaninong'oneza kwamba huyo anauliza habari ya tangi la mafuta, au labda ni supu. Sikuwa na muda wa kuchagua. Nikatoa sauti ambayo sikujua kama ninayo, nzito, ya puani kidogo, ya mtu aliyeonewa tangu kuzaliwa: "Nani amegusa sufuria yangu?"

Konstebo mmoja kwenye benchi la mbele akainua mikono akajibu, "Si mimi, mzee!"

Kibanda kikalipuka. Waliokuwa nje wakarudi na chapati zao mdomoni. Mpishi yule alikaa kwenye picha dakika chache tu, akaondoka, na Bwana Miti akarudi kufikiri, lakini hakuna aliyemsikiliza tena. Walitaka kujua Sufuria ameenda wapi. Na tangu hapo, kila alipoingia kwenye sinema yoyote, nilimfanya aulize swali lile kwanza, na kibanda kizima kikajibu kwa pamoja. Akiwa dereva, nani amegusa gari yangu. Akiwa fundi saa, nani amegusa saa yangu. Si mimi, mzee!

Hapa niwape mambo ya ufundi, kisha tuendelee. Itazameni sinema kwanza bila sauti. Kila mchezaji ana dalili yake kabla ya kusema. Mwingine hulamba midomo, mwingine hupepesa macho. Sufuria alijikuna kisogo. Nikiuona mkono unapanda, nilivuta pumzi, na tukaanza kusema pamoja, yeye kwake na mimi kwangu. Wimbo msiutafsiri kamwe. Njugu msile kabla ya kazi. Kichwa cha deki kisafishwe kwa kitambaa laini chenye spiriti, si kwa mate, na ninayemsema anajijua. Na mtu akifa kwenye picha, nyamazeni. Afande alinifundisha hivyo: vijei anayeongea juu ya maiti anatafuta sifa.

Kirusi cha Afande kilikuwa cha gereji. Kifaru alikijua chote, ndani na nje, lakini hakuna aliyemfundisha neno la mapenzi, maana hakupelekwa huko kwa ajili hiyo. Mwanamke akilia dirishani, Afande aliniambia kwa uso wa kazi kwamba mnyororo umelegea upande wa kushoto. Mimi nikasema kwenye maiki, "Mpenzi, tangu uondoke natembea upande upande." Mke wa sajenti mmoja alilia machozi, nikamwona. Siku nyingine Bwana Miti alimshika yule mwanamke mikono akamweleza mambo mengi sana, na Afande akafikiri, akasema hapo kuna habari ya kubadilisha oili kabla ya baridi. Kwa kweli ukifikiri vizuri, ndoa ni hiyo hiyo.

Kadiri tulivyofungua kanda za kasha lile ndivyo Sufuria alivyozidi kutokea. Alikuwa kwenye nyingi, na katika zote alikuwa mdogo. Hakuwahi kupata mchumba wala farasi. Lakini mtazameni mtu yule kazini, jamani. Wakubwa wamekaa mezani wanazungumza mambo ya taifa, yeye amekaa pembeni kabisa, na anaokota makombo ya mkate kwa kidole alichokilowesha, moja moja, kama mtu asiyejua kwamba anatazamwa. Macho yote yako kwake. Mikono yake haikukaa bure hata mara moja: anamenya kiazi, anatafuta miwani iliyo usoni pake, anafunga kamba ya kiatu cha mtu mwingine. Mimi nilijifunza kazi kwa Afande na kwa Sufuria, na Sufuria alinifundisha zaidi, ingawa hatukusalimiana.

Sasa niwaambie habari ya mfalme. Katika kanda moja ya watoto, yenye mabata wanaozungumza, Sufuria alitokea amevaa taji la karatasi na joho refu. Mpishi wetu amekuwa mfalme! Wanawake walipiga vigelegele, konstebo wakasimama na kupiga saluti, Ssalongo akatoa soda bila kuombwa, jambo ambalo sikuliona tena. Nilifurahi mpaka nikasahau kutafsiri mabata. Lakini Jumapili iliyofuata tukaweka kanda nyingine, na Sufuria akaingia ameshika ufagio, anafagia kituo cha treni. Koplo mmoja mzee akasimama, akasema kwa sauti ya kuandikisha maelezo, "Vijei, simamisha hiyo. Mfalme amepinduliwa lini?"

Msicheke. Kwetu Kampala swali hilo lilikuwa na akili. Hawa walikuwa watu waliokwishaona serikali zikipinduliwa, na kwao uso mmoja ni mtu mmoja na maisha yake ni mamoja. Hakuna aliyefikiri kwamba huyu ni mchezaji anayepewa kazi mbalimbali. Walikuwa wamemwacha ikulu, wamemkuta na ufagio. Ssalongo alikuwa ananikodolea macho, maana watu wakidhani umewadanganya hawarudi. Nikauona mkono wa Sufuria unapanda kisogoni, nikavuta pumzi. Nikamfanya aseme, "Jana, nikiwa nimelala. Redio ikapiga muziki wa bendi ya jeshi asubuhi yote, nikajua mambo yamekwisha."

Koplo alicheka akaketi chini, si kwenye benchi, chini. Wazee walikuwa wanapigana mapajani, kila mmoja anaeleza alikuwa wapi aliposikia muziki ule wa bendi, na mwingine alikuwa chooni. Sinema ilikwenda yenyewe hakuna anayeitazama. Mama mmoja alimwonea huruma mfalme aliyepinduliwa, akaacha kipande cha muhogo juu ya televisheni. Ssalongo alikila.

Baada ya hapo mimi na Afande tuliona lazima tumpangie Sufuria maisha. Tulimwaga kanda zote sakafuni, tukazipanga: kwanza mpishi, halafu dereva, halafu fundi saa, mfalme, mfagiaji, mkuu wa kituo cha treni. Tulizozana sana kama alikuwa daktari kabla ya kuanza kulewa au baada yake. Ndipo tukafika kwenye kanda ya chini kabisa ya kasha. Tuliitazama wawili tu, mchana, Afande na mimi, na kwa mara ya kwanza Sufuria alikuwa mkubwa wa sinema. Alikuwa mzee wa kijijini, peke yake, na nyusi zake zimekuwa nyeupe. Alikunywa chai, akavaa kofia, akatoka nje kwenye theluji kutazama njia kama mwanawe anakuja, akaanguka. Hakuinuka.

Afande alizima deki mwenyewe. Akatia kanda ile kwenye kopo la biskuti, akalifunga kwa mpira wa ndani wa baiskeli. Akaniambia maneno ambayo yamenikaa kichwani: "Hii huweki ovyo. Uso ukishaupa sauti, hauchukui sauti nyingine. Siku utaacha kazi, ama umpe mtu wa kumsemea, mtu ambaye watu watamkubali, ama umzike mwenyewe. Usimwache anafungua mdomo bure." Nikasema ndiyo, afande. Nilikuwa kijana, nikadhani nitaongea milele.

Kiwanja cha Naguru kikauzwa, Ssalongo akahamisha mabenchi mpaka Ggaba, kando ya ziwa, karibu na wauza samaki. Polisi wetu wachache walitufuata, lakini watazamaji wapya walikuwa Wakongo, watu wa Uvira na Bukavu, wanaouza dagaa na samaki wa kukausha. Kiswahili chao kilinipa taabu wiki ya kwanza, kisha nikaanza kuota nacho. Afande alitufuata pia. Alizeeka pale, akafariki pale kwa amani, na tulimzika na koti lake la Kirusi, siku ya jua kali. Mpaka leo nikipita karibu na gereji nikasikia mtu anataja mnyororo, nageuka.

Hapo Ggaba ndipo alipoingia Mama Neema. Alikuwa ametoka Uvira na watoto wake, bila mume, na habari za mume hakutaka kuulizwa. Alikuja kutafuta kivuli tu, akakaa mlangoni na beseni lake la dagaa, ameipa televisheni mgongo. Alikaa hivyo Jumapili nyingi, uso wake haubadiliki. Siku moja ikaja ile sinema ya makombo ya mkate. Watu walikuwa wanacheka, akageuka kutazama wanacheka nini. Akamwona Sufuria anaokota makombo kwa kidole. Akatazama. Kisha akacheka, kicheko kikubwa cha tumboni, akajishika mdomo kama amevunja chombo cha watu. Baadaye alimwambia mke wangu kwamba tangu Uvira hakuwa amecheka, na kwamba Sufuria anafanana kabisa na mdogo wa baba yake, kasoro rangi.

Tangu siku hiyo alikuwa wa benchi la mbele. Alimwita Sufuria baba mudogo, na alitumia haki ya mtazamaji kuliko mtu yeyote niliyemjua. Kwenye kibanda mtazamaji akipenda jambo ana haki ya kusema "rudisha", na Ssalongo hubonyeza kitufe, picha ikaenda kinyumenyume hadi pale mtu anapopataka. Mama Neema alirudisha supu ikatoka mdomoni ikaingia kwenye kijiko, akarudisha ufagio ukatandaza takataka, akarudisha mfalme mpaka Ssalongo akalalamika kwamba kitufe kinalegea. Mimi wakati wa kurudisha nilinyamaza, maana sijawahi kupata maneno ya kwenda nyuma.

Mambo yakabadilika, mnajua. Zikaja diski, zikaja flashi, watu wakaanza kutazama sinema kitandani kwenye simu. Kibanda kikabaki na Jumapili alasiri, na Jumapili alasiri ilikuwa ya Sufuria. Mmoja wenu, nisimtaje, aliwahi kuleta simu yenye sinema moja ya Sufuria ikiwa na rangi zake zote, na tukaona kwamba nywele na nyusi za mtu wetu zilikuwa nyekundu kama karoti. Mama Neema aliitazama simu ile kwa huruma, akamwambia kijana aipeleke kwa fundi.

Ndipo koo likaanza kunigomea. Nilijaribu tangawizi, asali, ndimu, na kitu kimoja cha soko la Owino ambacho sikuuliza ni nini. Daktari akasema basi. Nikakumbuka maneno ya Afande, nikawaita nyinyi mmoja mmoja mjaribu sauti ya Sufuria. Msikasirike nikisema ukweli, nanyi mmenisikia nikisema mabaya zaidi. Mmoja alimfanya apige kelele kama mnadi wa nguo. Mwingine alimpa utani wa siku hizi, Sufuria akataja bando la simu. Wa tatu alikuwa na sauti nzuri sana, ya redio, na Sufuria hakuwahi kuwa mtu wa sauti nzuri. Mama Neema aliketi mbele akiwasikiliza wote huku amekunja mikono, na kila mmoja akimaliza alitikisa kichwa kukataa. Ssalongo naye akasema, "Mzee, watu nakuja kwa Sufulia. Sufulia hakuna, mimi nafunga." Hajawahi kulitamka jina lile vizuri, na anamheshimu kuliko sisi wote.

Nikatangaza, kwa sauti iliyobaki, kwamba Jumapili ya mwisho nitafungua kopo la biskuti. Watu wote walijua kopo lile lina nini, kwa sababu Afande hakuwa mtu wa kutunza siri akishakunywa. Mama Neema alinifuata mpaka barabarani na beseni kichwani.

"Wewe njo umechoka," akasema. "Sasa unamuua yeye juu ya nini?"

Nikamweleza kwamba bila sauti atabaki anafungua mdomo tu, na kwamba heri apumzike kwa heshima. Wiki ile nzima alinipimia dagaa wenye mchanga. Niliumia, nasema wazi. Nililala nikijiuliza kama ni kweli namheshimu Sufuria, au nimeona uchungu kwamba ataishi na mimi nimenyamaza.

Jumapili ikafika. Ssalongo alikuwa ametafuta deki isiyo mbovu Owino, akaifuta kichwa kwa spiriti, si kwa mate. Nyinyi mlikuwapo, mmesimama ukutani. Konstebo wa Naguru, wazee sasa, walikuja na boda zao, wengine na wajukuu. Mabenchi yalijaa, na waliokosa walikaa juu ya kreti za samaki. Nikakata mpira wa baiskeli, nikampa Ssalongo kanda. Nilikuwa karibu kusema taratibu, kama siku ile ya kwanza.

Picha ikatoka na chenga, ikatulia. Sufuria mzee, nyusi nyeupe, anaingia jikoni kwake. Mkono ukapanda kisogoni. "Nani amegusa kikombe changu?" nikasema, na sauti ilikuwa imekwaruza, lakini ilifika. "Si mimi, mzee!" Ukuta ulitikisika. Nilikuwa na furaha ya ajabu, kucheka na kulia vimesimama mlango mmoja. Tulikwenda hivyo muda mrefu, yeye na mimi. Aliongea na mbwa, akagombana na jiko, akatafuta miwani iliyokuwa usoni pake, na watu wakamwonyesha kwa vidole iko wapi. Kisha akajimiminia chai kwenye kikombe, akanywa kidogo, akakiacha. Akavaa kofia.

Nikasikia kibanda kinavuta pumzi. Alitoka nje. Theluji ilikuwa inaanguka. Alitazama njia, akaweka mkono juu ya uzio, akaanguka taratibu, kwanza magoti. Nikashusha maiki, nikanyamaza, kama nilivyofundishwa. Mzee mmoja wa polisi alivua kofia yake.

"Ssalongo, rudisha," akasema Mama Neema. Hakupiga kelele. "Ule mutu hajamaliza chai yake."

Ssalongo akanitazama. Haki ya mtazamaji ni haki, hata siku ya msiba. Nikatikisa kichwa kukubali, naye akabonyeza. Theluji ikaanza kupanda mbinguni. Sufuria akainuka, kwanza magoti, akasimama wima, akauacha uzio, akarudi kinyumenyume hadi mlangoni bila kutazama nyuma wala kujikwaa. Mtu akaanza kucheka. Kofia ikatoka kichwani. Chai ikatoka mdomoni ikarudi kikombeni, na wanawake wakapiga vigelegele ambavyo sijavisikia tangu enzi ya mfalme. Watu walikuwa wamesimama juu ya mabenchi, wanamshangilia afike. Ssalongo akaachia kitufe, na Sufuria akawa jikoni kwake, mzima, anaingia. Mkono ukapanda kisogoni.

Nikavuta pumzi, nikafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Nikajaribu tena, hakuna, upepo mtupu. Sufuria alikuwa anafungua mdomo bure mbele ya watu wote, kile kile nilichokuwa nimekiogopa, na machozi yakanijaa.

Mkono wenye harufu ya dagaa ukaichukua maiki kutoka kwangu. Mama Neema hakukaa hata kwenye kiti. Alimtazama Sufuria, akangoja kidogo, akasema kwa sauti nzito, ya puani kidogo, ya mtu aliyeonewa tangu kuzaliwa, "Nani amegusa kikombe changu?"

Ilikuwa yeye. Ilikuwa Sufuria mtupu, na nyinyi mliokuwa ukutani mligeuka wote kwa pamoja. Benchi la mbele lilikuwa na nafasi moja wazi, nikaenda nikakaa pale. Miaka yote ile mimi ndiye niliyekuwa nauliza, na sikuwahi hata siku moja kupata kujibu. Nikainua mikono yote miwili. Sauti haikutoka, lakini mdomo wangu ulisema pamoja na wengine wote: "Si mimi, mzee!"